Namba ya Kodi ni Bure, Majibu Yana Gharama

Mtu anayeanzisha biashara ndogo Marekani, iwe ya kusafisha ofisi usiku, ya lori la mizigo, ya kulea watoto nyumbani au duka la unga wa mahindi, mawese na samaki wakavu, hakai siku nyingi kabla hajaulizwa EIN yake, namba ya utambulisho wa mwajiri. Benki inaitaka ili imfungulie akaunti ya biashara. Kampuni kubwa iliyompa kazi inaitaka ili imlipe. Namba yenyewe ina tarakimu tisa, mbili mwanzoni, kistari, kisha saba, na hutolewa na IRS, mamlaka ya kodi ya serikali kuu ya Marekani. Haina ada hata senti moja. Anayeomba kupitia tovuti ya IRS akiwa na namba yake ya Hifadhi ya Jamii (Social Security) na majibu yote mkononi huipata papo hapo. Kwa kuwa ni bure na ni rahisi, wengi huichukulia kama kusaini daftari la wageni ofisini: unaandika jina, unapita. Hatari iko hapo hapo. Fomu ya kuombea namba hii ni maelezo ya kwanza ambayo biashara inaipa IRS kuhusu yenyewe: ni ya nani, ya watu wangapi, itaajiri au haitaajiri, imeanza lini. IRS inayachukua majibu hayo, na kutokana nayo inaamua itasubiri ritani zipi kutoka kwako na kwa tarehe zipi. Ninachodai hapa ni kwamba wakati wa kufikiri na kutafuta ushauri ni kabla ya kuomba namba. Anayengoja hadi msimu wa kodi wa mwaka unaofuata hufikiri akiwa tayari na barua ya adhabu mezani.

Asili ya namba hii inaeleza tabia yake. Sheria ya Hifadhi ya Jamii ilitiwa saini na Rais Franklin Roosevelt mwaka 1935, na makato ya kwanza ya mishahara yalipangwa kuanza Januari 1937. Serikali ilitakiwa kujua, ndani ya muda mfupi, ni nani anaajiri katika nchi nzima. Ofisi za Hifadhi ya Jamii zilikuwa bado hazijaenea, hivyo kazi ikapewa posta. Katikati ya Novemba 1936 waajiri waligawiwa fomu iliyoitwa SS-4, iliyowauliza pamoja na mengine wana wafanyakazi wangapi, na wiki iliyofuata wafanyakazi wenyewe wakaanza kupewa yao, SS-5. Fomu ya kuombea EIN mpaka leo inaitwa SS-4, na swali la idadi ya waajiriwa bado limo. Mwaka 1961 Bunge la Marekani lilipitisha sheria iliyofanya namba ya utambulisho kuwa ya lazima katika shughuli za kodi, na namba iliyozaliwa kwa ajili ya waajiri ikawa ya makampuni, wabia, mirathi, makanisa na misikiti, wenye waajiriwa na wasio nao. Kusudi la awali halikubadilika. Namba ipo ili serikali ijue nani anawajibika, kwa kodi ipi, na kuanzia lini.

Msomaji aliyezoea TIN ya TRA au PIN ya KRA anapaswa kuanza na tofauti moja kubwa. Tanzania Bara na Kenya kodi ya mapato na kodi ya ongezeko la thamani ziko chini ya mamlaka moja ya taifa. Marekani haina kodi ya ongezeko la thamani ya kitaifa. Ina kodi ya mauzo, na hiyo ni mali ya majimbo na miji. Mwenye duka Houston anatoza kodi ya mauzo ya Texas, asilimia 6.25 ya jimbo, na za mitaa zikiongezwa inaweza kufika asilimia 8.25. Kibali chake cha kuitoza kinatoka katika jimbo, na EIN haichukui nafasi yake. Vivyo hivyo LLC, aina ya kampuni inayopendwa na wafanyabiashara wadogo kwa sababu inatenganisha madeni ya biashara na mali ya mwenyewe, husajiliwa na jimbo. IRS haisajili kampuni. Kwa hiyo utaratibu salama ni kusajili jimboni kwanza, kungoja jina likubaliwe, ndipo uombe EIN. Anayeanza na EIN halafu jimbo likakataa jina lake anabaki na namba ya kitu ambacho kisheria hakipo, na atalazimika kuiandikia IRS barua kuelezea.

Sasa tuifungue fomu yenyewe, maana maneno ya jumla hayamsaidii mtu. Swali la kwanza zito linahusu LLC na idadi ya wanachama wake. Chukua mume na mke wanaoishi Columbus, Ohio, wanaofungua LLC ya usafi. Mume ndiye atakayefanya kazi, lakini kwa upendo na kwa tahadhari ya mambo ya urithi wanaandika majina yote mawili. Kwenye fomu wanajibu: wanachama wawili. Kwa jibu hilo IRS inaihesabu biashara yao kuwa ubia. Ubia hauingii moja kwa moja kwenye ritani ya familia. Unatakiwa kuwasilisha ritani yake wenyewe, Fomu 1065, ifikapo Machi 15, mwezi mzima kabla ya tarehe ya ritani za watu binafsi, na kila mbia apewe karatasi ya mgawo wake iitwayo K-1. Ikichelewa, adhabu huhesabiwa kwa kila mbia kwa kila mwezi, na kiwango cha miaka ya karibuni ni zaidi ya dola 200. Hesabu wabia wawili kwa miezi 12, ambayo ndiyo kikomo, na utapita dola 4,800, hata kama biashara ilipata hasara mwaka huo na hakuna kodi iliyokuwa inadaiwa. Wanandoa hao wangeandika jina moja tu kwenye usajili, IRS ingeiona LLC kana kwamba haipo kwa upande wa kodi ya mapato: mapato na matumizi yangeingia kwenye jedwali liitwalo Schedule C ndani ya ritani ya kawaida ya familia, na Machi 15 isingewahusu.

Simaanishi kwamba mke aondolewe jina. Kuna sababu njema za kuwa wawili, na mwanamke anayefanya kazi ya biashara ana haki ya kuonekana kwenye karatasi zake, pia kwa sababu mapato yake hujenga kumbukumbu yake ya Hifadhi ya Jamii kwa siku za uzeeni. Ninachosema ni kwamba huo ni uamuzi, na unapaswa kufanywa ukijua bei yake. Tena jibu hutegemea mahali. Katika majimbo tisa ambayo sheria zake huhesabu mali iliyochumwa ndani ya ndoa kuwa ya wote wawili, miongoni mwao Texas, California, Arizona na Washington, mume na mke wanaomiliki LLC peke yao wanaruhusiwa na IRS kuihesabu kama ya mmiliki mmoja. Ohio, Minnesota na Kentucky hazimo. Na wanandoa wanaofanya biashara bila LLC yoyote wana njia nyingine: wakitimiza masharti, wanaweza kukwepa ritani ya ubia kwa kuwasilisha Schedule C mbili, kila mmoja na sehemu yake. Familia mbili zenye biashara ile ile, moja Dallas na nyingine Louisville, zinaweza kujibu swali lile lile kwa majibu tofauti na zote zikawa sahihi. Jirani aliyekwambia alivyojaza yeye huenda anasema kweli tupu, na bado asikufae.

Swali la pili linahusu waajiriwa: katika miezi 12 ijayo unatarajia kuwa na wangapi kwa wingi, na mshahara wa kwanza utalipwa lini. Hapa wengi hujibu kwa matumaini. Biashara haijapata mteja hata mmoja, lakini mwenyewe anaiona miaka mitatu mbele, anaandika watano. Matumaini ni mema, ila mahali pake ni kwenye mpango wa biashara. IRS ikisoma watano, inafungua akaunti ya kodi za ajira na kuanza kusubiri Fomu 941 kila robo mwaka, mwisho wa Aprili, Julai, Oktoba na Januari. Usipoiwasilisha, barua huanza kuja zikiuliza ritani za mishahara ambayo hukuwahi kumlipa mtu. Anayetarajia kuajiri kidogo sana, kiasi kwamba kodi za ajira za mwaka mzima hazitazidi dola 1,000, anaweza kuomba kwenye fomu hiyo hiyo awasilishe ritani moja kwa mwaka, Fomu 944. Na asiyejua bado kama ataajiri, aandike sifuri. Siku akipata mtu wa kumlipa mshahara hatahitaji EIN nyingine. Atatumia ile ile.

Swali hili lina uzito mwingine ambao wafanyabiashara wapya hawaambiwi. Mwajiri humkata mfanyakazi kodi ya mapato pamoja na asilimia 7.65 ya Hifadhi ya Jamii na Medicare, bima ya afya ya wazee, halafu yeye mwenyewe anaongeza asilimia 7.65 nyingine. Fedha zilizokatwa kutoka kwenye mshahara si za biashara hata zikilala kwenye akaunti yake. Sheria inazihesabu kuwa amana ya serikali. Mwenye biashara anayezitumia kulipia kodi ya pango akitumaini kuzirudisha mwezi ujao anaweza kudaiwa yeye binafsi kiasi chote, asilimia 100, na LLC haimkingi. Watu hufungua LLC wakiamini imejenga ukuta kati ya nyumba yao na biashara, na kwa madeni mengi ukuta huo upo. Kwa amana hii haupo. Nadhani kila anayejaza namba iliyo juu ya sifuri kwenye swali hilo angepaswa kulijua jambo hili kabla hajaenda mstari unaofuata.

Madereva wa malori, ambao ni wengi katika jamii zetu huko, wana jambo lao. Dereva anayemiliki lori lake mwenyewe, hana kampuni, hana mwajiriwa, kwa kawaida angeweza kutumia namba yake ya Hifadhi ya Jamii kwa shughuli zake zote za kodi. Lakini lori lenye uzito wa kutozwa kodi wa pauni 55,000 au zaidi hulipiwa kodi ya serikali kuu ya kutumia barabara, kupitia Fomu 2290, na fomu hiyo haipokei namba ya Hifadhi ya Jamii. Inataka EIN. Bila karatasi yake yenye muhuri, kwa kawaida jimbo halisajili lori. Na hapa neno "papo hapo" lina mpaka wake: EIN hutolewa papo hapo, lakini huweza kuchukua hadi wiki mbili kabla mifumo ya kielektroniki ya IRS haijaitambua kwa ritani na malipo. Dereva anayeomba namba Jumatatu akitarajia kuwa barabarani Ijumaa, lori limenunuliwa kwa mkopo na marejesho yameanza kuhesabiwa, anaweza kuegesha kwa muda ambao haukuwa kwenye hesabu zake. Kwake yeye, namba iombwe mapema, kabla lori halijanunuliwa.

Kisha kuna sehemu inayomtaka mhusika mkuu, yaani mtu anayeidhibiti biashara na fedha zake kwa kweli. Tangu Mei 2019 mhusika mkuu lazima awe binadamu, si kampuni nyingine, isipokuwa kwa taasisi za serikali. Hii ndiyo sehemu ambayo undugu wetu hutuponza. Mtu hana karatasi zilizokamilika, au hajui Kiingereza vizuri, au mfumo umemkatalia. Shemeji yake anasema, tumia namba yangu. Biashara inafunguliwa kwa jina na namba ya shemeji ambaye hajui hata rangi ya gari la kazi. IRS hairuhusu jambo hilo: mtu wa kushikilia nafasi tu hawezi kuwa mhusika mkuu. Mbali na sheria, hebu fikiria linavyokwenda. Barua za kodi zitamtafuta shemeji. Siku wakikosana, shemeji ndiye anayetambulika serikalini kuwa mwenye amri juu ya biashara, na aliyeitolea jasho hana la kuonyesha. Biashara ikidaiwa, shemeji aliyetenda wema anakuwa wa kwanza kuulizwa. Mhusika mkuu akibadilika kwa halali, IRS hutaka ijulishwe kwa Fomu 8822-B ndani ya siku 60, na waliokwisha kuingia katika mpango wa namna hiyo wana njia hiyo ya kuusafisha.

Wala hakuna haja ya kuazima namba. Mkimbizi aliyepokelewa Marekani ana ruhusa ya kufanya kazi kwa hadhi yake yenyewe, na hupata namba ya Hifadhi ya Jamii. Mtu aliye nje ya nchi, asiye na namba hiyo wala ile ya mlipakodi asiye na Hifadhi ya Jamii iitwayo ITIN, bado anaweza kupata EIN. Hawezi kupitia tovuti, lakini anaweza kupiga simu kwenye kitengo cha waombaji wa nje, au kutuma SS-4 kwa faksi au posta, akieleza kwenye nafasi ya namba kwamba yeye ni mgeni asiye na namba. Kwa posta huchukua takriban wiki nne. Ni njia ya polepole, lakini ni halali na ni yake mwenyewe.

Jina nalo linastahili aya. Mfumo wa IRS hupokea herufi, tarakimu, kistari na alama ya "&" tu. Kampuni iliyosajiliwa jimboni kwa jina lenye neno kama Ng'arisha itaingia IRS bila kibainishi: NGARISHA, herufi zikifuatana bila nafasi katikati. Ni kitu kidogo kwa macho, lakini mashine inayolinganisha jina na namba haioni udogo. Kila fomu ya kodi iandikwe jina kama lilivyo kwenye barua ya IRS, la sivyo ritani ya kielektroniki inaweza kukataliwa, au mteja akapewa taarifa kwamba jina na namba havilingani na kutakiwa kuanza kukukata asilimia 24 ya malipo yako kama kodi ya zuio. Barua hiyo ya kuthibitisha namba huitwa CP 575, na anayeomba kwa mtandao huweza kuipakua pale pale mwishoni. Aipakue kabla ya kufunga ukurasa, aihifadhi zaidi ya mahali pamoja. IRS haitoi CP 575 mara ya pili. Aliyeipoteza hupewa barua nyingine ya uthibitisho, 147C, baada ya kupiga simu na kungoja zamu.

Kuna wanaopinga hoja yangu, na mapingamizi yao si ya kubeza. Wa kwanza husema: kwa nini nijitese, kuna mawakala mtandaoni wanaofanya kazi hii kwa malipo. Ni kweli wapo. Mwaka 2025 Tume ya Biashara ya Marekani, FTC, iliwaandikia barua za onyo wenye tovuti zinazowatoza watu, wengine hadi dola 300, kwa namba ambayo IRS hutoa bure, na ikawakumbusha kwamba kujifanya tovuti ya serikali ni kosa. Hata tuwaweke kando walio laghai, hoja yangu inabaki. Wakala anayejaza fomu anaandika anachoambiwa. Hajui kama mke wako ni mbia wa kweli au ni jina la upendo. Mamlaka anayopewa kwenye SS-4 kushughulikia maombi hukoma namba inapotoka, lakini majibu yanabaki kuwa yako. Kumlipa mhasibu mwenye leseni ili akae nawe saa moja mzungumze juu ya muundo wa biashara ni fedha iliyotumika vizuri. Kumlipa mtu akubonyezee vitufe ni kulipia sehemu pekee ya kazi hii isiyohitaji akili.

Wa pili anasema: mimi nafanya kazi peke yangu, sina kampuni, nitatumia namba yangu ya Hifadhi ya Jamii. Huyu mara nyingi yuko sawa, na ningependa asikike zaidi. Mfanyabiashara binafsi asiye na waajiriwa na asiyedaiwa kodi maalumu kama ile ya malori hana ulazima wa kuwa na EIN. Wanaomwambia aichukue ili kuficha namba yake ya Hifadhi ya Jamii humpa matumaini makubwa kupita yanayostahili. Mwenye LLC ya mtu mmoja, anapompa mteja Fomu W-9, ile ya kutaja jina na namba ya kodi ya anayelipwa, anatakiwa kuandika jina na namba ya mmiliki mwenyewe, wala si namba ya LLC. Wengi hujaza kinyume, kisha hushangaa majina yanapokataa kulingana. EIN ya LLC hiyo ina kazi yake: kufungulia akaunti ya benki, kulipia kodi za waajiriwa na kodi maalumu. Pazia la kujifichia haliwi. Kwa upande mwingine kuna wanaoikwepa EIN wakidhani kwamba kuiomba ndiko kunakoleta kodi. Kodi huletwa na mapato. Aliyejiajiri akipata faida ya dola 400 au zaidi kwa mwaka anapaswa kuwasilisha ritani na kulipa kodi ya kujiajiri ya asilimia 15.3, awe na EIN au asiwe nayo.

Pingamizi la tatu ndilo zito: makosa haya yote yanarekebishika, kwa nini kutishana? Nakubali sehemu kubwa. Anwani au jina likibadilika, namba haibadiliki. Ubia mdogo uliochelewesha Fomu 1065 unaweza kusamehewa adhabu kama wabia wote ni watu binafsi na kila mmoja alitangaza mgawo wake wote kwa wakati. Akaunti ya kodi za ajira iliyofunguliwa bure inaweza kufungwa kwa maelezo. Lakini kila marekebisho yanahitaji barua, na barua inahitaji mtu anayejua kuiandika kwa lugha ya kiofisi, anayejua kwamba msamaha huo upo na anayeweza kungoja miezi. Mwenye kampuni kubwa ana mtu wa kazi hiyo. Mama anayelea watoto wanane sebuleni kwake hana. Kusema yanarekebishika ni kweli kwa aliye na nafasi ya kurekebisha, na ndiyo maana nasisitiza tahadhari kwa mdogo kuliko kwa mkubwa. Tena kuna machaguo yasiyogeuka upesi: LLC inayofanya biashara ikiamua kubadili hadhi yake na kuhesabiwa kuwa kampuni kwa upande wa kodi, kwa kawaida haiwezi kubadili tena kabla ya miezi 60 kupita.

Wanaoishi Dar es Salaam, Nairobi au Muscat nao wanahusika, kwa sababu siku hizi ni rahisi kufungua LLC ya Delaware au Wyoming bila kukanyaga Marekani, ili kupokea malipo ya wateja wa mtandaoni. EIN wataipata. Wasichoelezwa ni kwamba LLC ya Marekani inayomilikiwa na mgeni mmoja inatakiwa, tangu mwaka wa kodi wa 2017, kuwasilisha Fomu 5472 kila mwaka inapokuwa na miamala kati yake na mmiliki, na mtaji wako mwenyewe unaouingiza kwenye akaunti ya LLC ni muamala tayari. Adhabu ya kutoiwasilisha ni dola 25,000. Kwa kijana anayeuza kazi za usanifu kwa dola mia chache kwa mwezi, hiyo ni mapato ya miaka. Huenda bado ina faida kwake kufungua LLC, lakini afungue akiwa ameshaipima faida hiyo dhidi ya fomu hii.

Kwa vitendo, basi, andika majibu yako kwenye karatasi kabla ya kuigusa tovuti: jina kamili kama jimbo lilivyolikubali, wanachama wangapi na kwa nini, nani anaidhibiti, waajiriwa wangapi wa kweli, tarehe ya kuanza. Tovuti haihifadhi kazi uliyoiacha njiani; ukikaa dakika 15 bila kugusa kitu, unaanza upya. Na mhusika mkuu mmoja hupewa EIN moja tu kwa siku, hivyo aliyekosea na kudhani ataomba nyingine hapo hapo atazuiwa. Kuwa na mbili za biashara moja kwenyewe ni tatizo, kwa sababu EIN ikishatolewa haifutwi na haipewi mtu mwingine. Biashara ikifa, unaweza kuiandikia IRS ukiomba akaunti ifungwe, ukitaja namba, jina, anwani na sababu. Hawataifunga hadi kila ritani iliyokuwa inasubiriwa iwe imewasilishwa, zikiwemo zile zilizoanza kusubiriwa kwa sababu ya jibu ulilolitoa siku ya kwanza.